Moyo, Si Mbwa

Kila jioni kengele ya kanisa ikishalia, watoto wa kijiji chetu cha Qrendi, hapa Malta, huacha mpira na baiskeli, wakaenda kwenye ukumbi wa katekisimu. Hakuna anayeulizwa kama anapenda. Mama zetu walitupeleka sisi, nasi tunawapeleka wetu. Ritienne Vassallo naye alikwenda kila jioni, mkononi ameshika kipande cha mkate uliopakwa nyanya na mafuta, na mara nyingi alifika kabla mlango haujafunguliwa.

Ritienne alikuwa na miaka kumi na mmoja. Alizaliwa Melbourne, huko Australia, walikohamia Wamalta wengi kutafuta maisha. Mwaka uliopita baba yake alirudi naye Malta kuishi kwa bibi yake, Nanna Karmni. Kimalta alikijua, lakini herufi moja ilimshinda, nayo ni q. Kwetu q si k. Pumzi hukatika kidogo kooni, ndipo neno litoke. Ritienne yeye alisema k tu. Hata jina la kijiji alichokaa lilimshinda. Alisema Krendi, na watoto wenzake wakamwita Kangaruu, yule mnyama wa Australia.

Sasa, kwetu Malta mahubiri ya mkesha wa Noeli hayatolewi na padri. Hutolewa na mtoto. Hupanda mimbarini amevaa kanzu nyeupe, maneno yote ameyahifadhi kichwani, na kanisa zima humsikiliza yeye, padri akiwemo. Aliyewahi kuhubiri hukumbukwa mpaka uzeeni. Ritienne aliitaka nafasi hiyo kuliko zawadi yoyote. Alitaka watu wa Qrendi wamhesabu mtoto wao, asiitwe tena mgeni.

Alikuwa anaijua habari ya kuzaliwa kwa Yesu kuliko wenzake wote, kwa hiyo mwalimu wa katekisimu, Sinjorina Pawlina, akamchagua. Wistin, mvulana wa nyumba ya jirani, aliwekwa wa akiba. Mahubiri aliyaandika Sinjorina mwenyewe. Yalieleza jinsi Mariamu na Yosefu walivyokosa nafasi Bethlehemu, na mwishoni mtoto anamwambia Yesu: njoo uzaliwe moyoni mwangu.

Kwa Kimalta moyo wangu ni qalbi. Mbwa wangu ni kelbi. Anayetamka k mahali pa q, moyo wake husikika kama mbwa. Siku ya jaribio la kwanza Ritienne alihubiri vizuri kutoka mwanzo, akafika mwisho, akakunja mikono kifuani, akamkaribisha Mwana wa Mungu azaliwe ndani ya mbwa wake.

Ukumbi mzima uliangua kicheko. Wistin akabweka.

"Kangaruu," akauliza, "huyo mbwa wako anaitwa nani?"

Sinjorina alimtoa Wistin nje, kisha akamwita Ritienne pembeni. Alimwambia atamsikiliza tena Jumapili, na neno likiendelea kukataa, Wistin ndiye atakayehubiri.

"Sikuonei, binti yangu," alisema. "Watu wakicheka hapo mwisho, hawatarudi nyumbani na kitu kingine ila kicheko."

Ritienne hakulia. Alikwenda nyumbani, akakaa mezani na kalamu, akaanza kufuta. Kila palipoandikwa moyo aliweka roho, au kifua. Kila neno lenye q alilitafutia lingine lisilo nayo. Akajisifu kimoyomoyo kwamba amepata njia, kisha akamfuata Nanna Karmni kumsomea.

Nanna alikuwa amefungua kabati, akimwagilia mbegu alizopanda humo juu ya pamba. Tunazipanda gizani makusudi, zichipue nyeupe kama mvi za mzee, tupambie pango la Noeli. Alimsikiliza mjukuu wake mpaka mwisho bila kugeuka.

"Yameteleza vizuri," alisema. "Na moyo uko wapi?"

"Nimeuondoa, Nanna. Hakuna atakayejua."

"Mimi nimejua, na sikio hili moja halisikii." Nanna alifunga kabati. "Mwalimu wako kakutuma uwaambie watu wamfungulie Yesu moyo. Wewe umemkaribisha mpaka mlangoni, halafu umeficha ufunguo. Hiyo herufi inakushinda, au unaikimbia?"

Ritienne alijua jibu, ila aliona aibu kulitoa. Mwishowe alisema anaogopa, kwamba kila akifungua mdomo anasikia Wistin akibweka.

Nanna hakumbembeleza. Alimwonyesha dumu la maji lililokuwa mlangoni, akamwambia alibebe. Ritienne akainama, akalishika, akavuta. Kabla dumu halijanyanyuka, pumzi ilimkatika kooni.

"Hapo hapo," Nanna alisema. "Hiyo ndiyo q. Unayo siku zote, ila hujui kuiita. Haya, inua tena, useme qalbi."

Kuanzia hapo ilikuwa ni kazi. Akitoka shuleni, Ritienne alipandisha maji darini, juu ya paa bapa la nyumba, kumwagilia vyungu vya maua vya bibi yake, na kila akiinua dumu alisema neno lake. Mara nyingi lilitoka mbwa. Alilitua dumu, akaliinua tena. Mikono ilimuuma, koo likamkauka. Wistin alimwona kutoka dari la kwao akacheka.

"We Kangaruu, unasali au unabeba mizigo?"

"Vyote viwili," Ritienne alijibu, wala hakusimama.

Wistin alirudi kumtazama kesho yake, na kesho kutwa. Kucheka kulimwisha polepole, maana hata yeye aliona huyu hachoki. Siku moja alimwambia kutoka kule kule dari lao kwamba hiyo bado ni mbwa. Ritienne akarudia. "Hiyo sasa moyo," Wistin akasema, akaingia ndani.

Jumapili Ritienne alimweleza Sinjorina kila kitu, hata yale maneno aliyoyafuta kwa siri, akaomba msamaha. Kisha akahubiri. Neno lilitoka sawa mara moja, mara ya pili likakataa. Sinjorina alifikiri kidogo, akamwambia yuko tayari kubadilisha sentensi ile ya mwisho, kwa kuwa mtoto ameomba msamaha na amejitahidi.

"Hapana, Sinjorina," Ritienne alisema. "Usiliondoe. Nitalisema."

Jioni ya mkesha kanisa lilijaa mpaka watu wakasimama ukutani. Ritienne alipanda mimbarini na kanzu yake nyeupe. Wistin alikaa chini ya mimbari ameshika karatasi, amkumbushe akisahau. Ritienne hakusahau. Alieleza safari ya Bethlehemu, milango iliyofungwa na hori la ng'ombe, na wazee wa mstari wa mbele walikuwa wanafuta macho. Akafika mwisho, akakunja mikono kifuani, akasema.

Likatoka mbwa.

Mtu mmoja huko nyuma alipaliwa na kicheko. Ritienne alishika ukingo wa mimbari. Angeweza kuendelea haraka kwenye Amina, akashuka, yakaisha. Akatazama chini kwa Wistin. Wistin hakubweka wala hakutabasamu. Aliweka karatasi sakafuni, akainama, akashika dumu lisiloonekana, akalivuta kwa nguvu zake zote.

"Nimekosea," Ritienne aliliambia kanisa. "Nasema tena."

Pumzi ilimkatika kooni mahali pake, na moyo ukatoka. Alimkaribisha Yesu moyoni mwake, akaliomba kanisa lote limfungulie nalo, na hakuna aliyecheka. Nanna Karmni, mwenye sikio moja tu linalosikia, alisikia vizuri.

Baada ya Misa watoto waligawiwa biskuti za asali kwenye ukumbi wa katekisimu. Sinjorina Pawlina alimweka Ritienne mbele ya wenzake, Wistin akiwa ubavuni pake.

"Mnamkumbuka Musa," aliwaambia. "Alimwambia Mungu kwamba ulimi wake ni mzito. Mungu hakumpa ulimi mwingine, alimtuma na huo huo, akampa ndugu wa kumsaidia. Neno likiwa gumu msilizunguke. Lifanyieni kazi mpaka likubali. Na mkikosea mbele za watu, semeni mmekosea, mrudie. Leo nimefundishwa mahubiri niliyoyaandika mwenyewe."

Walipokuwa wakitoka, mzee mmoja mgeni aliyekuja kusali na ndugu zake alimshika Ritienne mkono. Alisema kwa miaka mingi hajasikia mtoto akihubiri namna ile.

"Wewe ni mtoto wa wapi, binti?"

Wistin alisimama kusikiliza. Ritienne alivuta pumzi, ikakatika kooni.

"Wa Qrendi," alisema.