Mkono Ndani ya Picha

Nilitoka dukani giza likianza kuingia, balbu mfukoni. Taa moja ya studio ilikuwa imeungua, na shemeji yangu, mdogo wa marehemu mke wangu, alikuwa amenisihi kwenye simu niende nikaimalize ile filamu nipumzike.

"Utakufa na wewe humo ndani, shemeji."

Nikamwambia kufa kunataka nafasi, na studio yetu imejaa makorokoro. Hakucheka.

Mimi na mke wangu tulikuwa watu wa vikaragosi. Unamsogeza kikaragosi unene wa ukucha, unapiga picha. Unamsogeza tena, unapiga tena. Picha zikikimbizwa, anatembea. Tulianza na udongo wa kuchezea juu ya meza ya jikoni, tukapata tangazo la dawa ya meno, jino linakata mauno, wenyewe tukacheka mpaka machozi. Vikafuata vipindi vya watoto. Halafu hii, filamu yetu wenyewe, ya Bi Kizee anayefunga nyumba yake na kuondoka. Mimi mwongozaji na mpiga picha, yeye ndiye mikono. Kabla Bi Kizee hajainua mguu, mke wangu alikuwa akimpandisha mabega kidogo, kama mtu anayevuta pumzi. Mimi nikijaribu, anatembea kama roboti.

Mke wangu alianguka katikati ya tukio la mwisho, hakuamka tena. Bi Kizee akabaki vilevile, mguu mmoja juu, mwingine umekazwa mezani kwa skrubu, mlango mbele yake. Sikumgusa.

Nilipofika studio nikabadilisha balbu. Nikapiga picha moja, kujaribu mwanga tu.

Nikaangalia kwenye skrini.

Palikuwa na mkono.

Kusahau mkono ndani ya picha ni kosa la wanaoanza kazi. Lakini mimi nilikuwa nyuma ya kamera, na mkono ule ulikuwa wa mwanamke, kucha fupi, gundi imekauka kwenye kidole gumba. Ningeutambua hata gizani.

Nikainua macho. Mezani hapakuwa na mtu... ila mguu wa Bi Kizee ulikuwa umeshuka.

Harufu ya mafuta yake ya mikono ikanijia puani. Mtu mwenye akili timamu angetimua mbio. Mimi nikabonyeza tena. Kila nikibonyeza, mkono upo, na Bi Kizee kasogea. Mabega, hatua. Mabega, hatua. Nilikuwa nalia huku nacheka.

Mlango ulipokaribia, nikaelewa. Bi Kizee akitoka, kazi imekwisha, na mke wangu hana tena cha kumrudisha hapa.

Nikafungua skrubu, nikamrudisha Bi Kizee alikotoka.

Kesho yake jioni nikafanya hivyo hivyo. Na keshokutwa. Nilimpenda, nifanyeje?

Mkono ukaanza kukonda. Kucha zikawa nyeusi. Harufu ya mafuta ikachanganyika na ya udongo mbichi, na siyo ule wa kuchezea. Niliona, nikajifanya sioni.

Jioni moja shemeji aliingia bila kubisha hodi, akasimama nyuma yangu wakati nabonyeza.

"Dada..."

Kwenye skrini vidole havikuwa na nyama. Mifupa miwili ilikuwa imemshika Bi Kizee, inatetemeka hata picha imetoka na ukungu. Na bado ilikuwa inampandisha mabega.

"Umemfanya nini?" alinong'ona.

"Nimemrudisha nyuma kidogo tu."

"Mara ngapi?"

Nikaikodolea macho skrini.

"Amechoka, shemeji. Mwache amalize."

Chini ya meza kitu kikalia. Krr... krr... Skrubu ilikuwa inajikaza yenyewe, polepole, kwa shida.

Nikabonyeza. Hatua. Nikabonyeza. Hatua. Bi Kizee akafika mlangoni, akasimama. Hapo mimi na mke wangu tulikuwa tumebishana sana alipokuwa hai. Mimi nilitaka Bi Kizee ageuke aiangalie nyumba yake mara ya mwisho. Yeye alikataa katakata, akasema akigeuka tu hataweza kuondoka.

Mabega yakapanda.

"Geuka," nikasema. "Mke wangu, nakuomba. Mara moja tu."

Nikabonyeza.

Hakugeuka. Mlango ulikuwa wazi, Bi Kizee hayupo, na picha ilikuwa safi kabisa, haina mkono. Mezani ilibaki skrubu peke yake, imesimama.

"Uliuona ule mkono?" nikamuuliza shemeji.

"Niliuona. Usiniulize tena maishani."

Nikarudi kwenye picha za nyuma. Ya jana, safi. Ya juzi, safi. Bi Kizee anatembea vizuri, anavuta pumzi, na hakuna mtu pembeni yake. Shemeji alikaa sakafuni akalia kama amefiwa upya. Mimi niliendelea kubonyeza, narudi nyuma, narudi nyuma, natafuta hata kidole kimoja.