Sauti Niliyompa Papa Noël

Mimi ni mfasiri wa filamu hapa Mudzipela. Wachina wakipigana, mimi ndiye ninayewasemea. Mwanamke akilia, ninalia naye, na watu wanasahau kwamba nina ndevu. Nina mdomo, najijua.

Mkesha wa Noeli, jua likizama, nilibeba spika yangu hadi ukumbi wa parokia. Sista Godelive alikuwa na filamu ya zamani sana, iliyopatikana kwenye sanduku la padri aliyefariki.

"Iko bila sauti, papa Félicien," aliniambia. "Weye utaipatia sauti."

Nikacheka. Kazi yangu si ndiyo hiyo?

Watoto walijaa. Joëlle, mtoto wangu wa pekee, alikaa mbele kabisa. Kwenye shuka jeupe Papa Noël, mzee wa zawadi za Noeli, alishuka kwa bomba la moshi, akafungua gunia lake. Lilikuwa tupu. Nikaona nichekeshe kidogo, nikanenepesha sauti:

"Joëlle ya Félicien iko wapi?"

Watoto wakaangua kicheko.

Yule mzee akageuka. Akatazama mstari wa mbele.

Ukumbi ukanuka mkaa uliomwagiwa maji... Midomo yake ikacheza tena. Mimi nilikuwa nimenyamaza.

Nikaisoma ile midomo. Jo... ëlle.

Nikang'oa nyaya zote. Picha ikazimika. Spika ikazimika. Kisha, kutoka nyuma ya shuka, sauti yangu mwenyewe ikaita polepole:

"Joëlle..."

"Niko, papa!"

Nilimdaka gizani, tayari anaifuata.

Sista anasema ni spika, eti umeme ulibaki ndani. Huenda. Ila alipoirudia filamu peke yake, mzee hakugeuka popote.

Tangu siku ile simwiti mwanangu kwa mdomo. Nampigia makofi matatu.

"Ukisikia sauti yangu inakuita, usiitike," nilimnong'oneza. "Haiko mimi."

Tulikaa hivyo wiki tatu, nami nikaanza kulala vizuri.

Jana magharibi nilikuwa mbele ya nyumba, nafua sare yake ya shule. Joëlle alikuwa ndani, anakula. Nikasikia makofi huko nyuma, karibu na jiko.

Moja... Mbili... Tatu.

Mikono yangu yote miwili ilikuwa ndani ya beseni.

"Niko nakuya, papa!"

Nilimuwahi kwenye mlango wa nyuma, povu likinitiririka mpaka viwikoni. Nimemshika tangu saa ile. Sijui kesho nitamwitaje.