Jani Lililopigiliwa Msumari

Treni ya Dar es Salaam iliingia Moshi ikiwa imechelewa kwa saa nne, na watu waliokuwa wakiisubiri walikuwa wamechoka hata kugombana. Ilikuwa mwaka 1971, mwezi wa baridi. Digna alikuwa amekuja kupokea kifurushi cha vitambaa kutoka kwa shangazi yake. Alivaa blauzi nyeupe iliyopigwa pasi vizuri na sketi ya buluu yenye marinda. Kamba ya kiatu chake cha kushoto ilikuwa imekatika, naye ameifunga kwa waya mwekundu wa simu, maana alikuwa opereta wa simu posta.

Katikati ya mizigo, kuku na wapagazi, alikaribia kumkanyaga mwanamume aliyelala kifudifudi juu ya saruji. Mtu mzima, suruali ya bugaluu, nywele kama kichuguu, kamera usoni.

"Usisogee, dada," alisema yule mtu. "Kiatu chako kimenipa shairi."

"Kiatu changu kimekatika. Kama unataka kukipa kitu, kipe gundi."

Akacheka palepale chini, na vumbi likamwingia mdomoni, akakohoa. Digna akampa leso yake. Ndivyo walivyojuana.

Jina lake Faustin, mtu wa Machame. Alikuwa na chumba cha kupigia picha karibu na soko, lakini maharusi na picha za vitambulisho hakuzipenda. Alipenda kupiga picha za miguu, za migongo, za viti vitupu, kisha anaandika chini yake mashairi yasiyo na vina wala mizani. Yeye na mchoraji mmoja, Rogath, aliyechora kwa rangi za nyumba juu ya magunia ya kahawa, walikuwa wamepanga ghala tupu mtaa wa Soweto. Humo walionyesha kazi zao, na vijana kadhaa walikuja kusoma na kupiga madebe ya mafuta ya taa badala ya ngoma. Mjini waliitwa wendawazimu wa ghalani. Wao walilipenda jina hilo, wakaliandika mlangoni.

Siku ya tatu baada ya treni, taa iliwaka kwenye ubao wa simu mbele ya Digna.

"Namba gani, tafadhali?"

"Nipatie mwenye kiatu chenye waya."

"Namba hiyo haipo, bwana."

"Basi nitasubiri mpaka iwepo. Nimeazima simu ya dukani, na mwenye duka ananiangalia kama nimeiba sukari."

Digna akaziba mdomo asicheke. Hilaria, msimamizi wao, mama mnene mwenye miwani, aliona yote. Alihamisha tu kiti chake akampa mgongo, na kwa miezi minane alifanya hivyo kila saa nne asubuhi, simu ya Faustin ilipoingia. Mtu akikupa mgongo kwa upendo, usimsahau.

Wakapendana. Faustin alimpeleka ghalani, akamsomea mashairi, akamwita laazizi mbele ya watu. Digna alimletea ndizi na maziwa, maana wasanii wale walisahau kula. Habari zake alimweleza mama yake, Anyesi, mjane aliyeishi mlimani, Kilema, na kihamba chake, shamba la migomba na kahawa, ambaye kila Jumanne na Jumamosi alishuka na wenzake kuuza ndizi soko la Moshi. Mama alisikitika kidogo kwamba kijana ni Mlutheri, kisha akasema Mungu ana milango mingi, ila aje basi abishe hodi. Hilo ndilo Digna alilolisubiri: Faustin apande Kilema na wazee wake na kibuyu cha mbege, pombe ya ndizi, abishe hodi.

Sasa sikilizeni kosa, na kosa lilikuwa la Digna.

Siku moja ikaja simu ya mbali kutoka Dar es Salaam. Mwanamke, sauti kama asali, alimtaka Faustin kwenye simu ya dukani. Digna akaunganisha. Kanuni ilikuwa kuunganisha na kutoka, lakini yeye hakutoka. Mwenye duka akiwa bado anamwita Faustin, Digna akamsikia yule mwanamke akiwahi kusema, "Faustin, mpenzi wangu, mimi Zita. Wiki nzima nimelia kwa ajili yako."

Digna akachomoa waya.

Zita akapiga tena, Digna akamwambia laini ni mbovu. Akapiga siku ya pili na ya tatu, laini ikawa bado mbovu. Kwa Faustin, Digna hakuuliza kitu, alinuna tu, na Faustin akadhani ni mambo ya wanawake.

Juma moja baadaye Rogath alimkuta Digna posta, macho mekundu, akamwambia bila kujua anamwambia nani. Dada yake Rogath, aitwaye Zita, anayefanya kazi kwenye jumba moja la maonyesho huko Dar, yule anayemwita kila mtu mpenzi hata konda wa basi, alikuwa amewalilia wakubwa wake wampe Faustin ukuta mzima wa picha. Wakakubali. Akapiga simu mara nne ampe habari, simu za Moshi zikamshinda. Muda ukapita. Ukuta umepewa mtu wa Tanga.

Hakuna aliyejua. Digna angeweza kunyamaza mpaka kaburini. Jumapili akapanda Kilema akamweleza mama yake yote, amekaa kwenye kigoda jikoni, moshi ukimpa kisingizio cha machozi.

Mama Anyesi hakumkaripia. Alimaliza kumenya ndizi za supu ya mtori, akanawa, akatoka. Akarudi na isale, jani refu la kijani alilolikata mpakani mwa kihamba, akalifunga fundo kwa mkono wake mwenyewe. Kwetu mlimani mtu aliyekosa hupeleka isale, na aliyekosewa akiletewa hulipokea. Watu wamesameheana damu kwa jani hilo.

"Nenda, mwanangu. Piga magoti, umpe kwa mikono miwili. Mchagga hakatai isale."

Faustin alikuwa peke yake katika chumba chake cha picha, anasafisha lenzi. Digna akapiga magoti mlangoni na kusema yote, waya, Zita, laini mbovu. Alipomaliza akainua lile jani kwa mikono miwili, machozi yakidondoka kidevuni.

Faustin aliweka lenzi chini, akasimama. Uso ukageuka mweupe kama jivu, kisha kitu kikawaka ndani ya macho yake. Hakunyoosha mikono. Alinyoosha mkono mmoja, akachukua kamera.

"Tulia hapohapo," alisema kwa upole. "Usifute machozi. Inua jani kidogo. Hivyo."

Akapiga mkanda wote. Digna magoti yalimuuma, mikono ikatetemeka, naye Faustin akamwambia hata kutetemeka ni kuzuri. Mwisho akalichukua jani kwa vidole viwili, akaliweka juu ya stuli kama mtu anayeweka kijiko.

"Umenisamehe?"

"Jumamosi ijayo tuna maonyesho. Njoo na mama. Nitakujibu mbele ya watu."

Digna aliondoka akiruka. Mbele ya watu na mbele ya mama, ni jibu gani lingine mwanamke angelingoja?

Mama Anyesi alishuka siku hiyo amevaa kitenge chake cha Pasaka na kilemba kipya. Kichwani mkungu wa ndizi, mkononi kibuyu kidogo cha mbege, kwa sababu haendi mtu kwenye posa mikono mitupu, hata kama posa yenyewe ni ya ajabu na inafanyika ghalani. Baadhi ya wenzake wa sokoni walimfuata. Walikuwa wamejipaka mafuta miguuni.

Ghala lilijaa. Madebe yalikuwa yanapigwa. Na ukutani, kubwa kama mlango, Digna alipiga magoti. Kila chozi lilionekana. Waya mwekundu wa kiatu ulionekana, mweusi kwenye picha. Kwenye pembe ya chini lilikuwepo jani lenyewe, limeshaanza kukauka, fundo la mama likiwa bado limekaza, nalo limepigiliwa msumari.

Mama alilitazama jani kabla ya picha.

"Pameandikwa nini hapo chini?" aliuliza. Hakujua kusoma.

Digna alisoma kwa macho. "Maneno yanasema amenisamehe, mama."

Lakini kijana mmoja nyuma yao, mwenye viatu vya raizoni, akayasoma kwa sauti, kwa madaha:

"Mgomba uliokwisha kuzaa huinama.
Ukishainama hukatwa.
Nipeni panga."

Watu wakapiga makofi. Mmoja akauliza kama huyu si yule opereta wa posta, mwingine akasema ndiye, na kicheko kikapita ghalani kama upepo kwenye migomba. Wanawake wa sokoni walitazama chini.

Faustin akaja, amevaa shati jeupe, anang'aa. Akamwamkia mama shikamoo. Mama akaitikia marahaba, maana hakufundishwa kunyima salamu.

"Umeiona, Digna?" akasema. "Sijawahi kupiga picha kama hii. Nilikosa Dar, nikapata hii. Si bora?"

"Ulisema utanijibu."

"Hilo ndilo jibu langu, laazizi. Wewe utazeeka, mimi nitazeeka. Yule pale ukutani hatazeeka."

"Jani hukulipokea."

"Jani ni jani," akasema Faustin. "Mila za wazee. Sisi tunatengeneza kitu kipya."

Hakusema kwa chuki. Hapo ndipo ukatili ulipokuwa: alikuwa na furaha ya kweli, akitaka wafurahi wote.

Mama Anyesi akatua mkungu wa ndizi mbele ya Rogath, akamwambia ale yeye na wenzake, wamekonda. Kibuyu cha mbege akaondoka nacho. Aliposhika mlango, Rogath alishusha gunia lake moja alilolichora, akalitundika juu ya ile picha, akaifunika kuanzia kichwani mpaka magotini. Faustin akamwambia aondoe takataka yake. Rogath akasema ataiondoa, mama huyu akishafika barabarani. Akasimama hapo, mikono kifuani, mpaka kilemba kilipopotea.

Picha ilikwenda Dar, ukuta mzima, na Faustin akaifuata. Magazeti yalimwandika. Moshi ilimbakia Digna. Wanaume walipiga simu posta wakimwambia, "Opereta, leo umepiga magoti kwa nani?" Akawaunganisha namba walizotaka. Hilaria alimhamishia kwenye ubao wa simu za serikali, ambako hakuna aliyethubutu kutania, akasema ni kwa sababu ya mwandiko wake mzuri.

Mama hakumlaumu hata siku moja. Aliacha tu kushuka soko la Moshi. Akawa anapeleka ndizi zake Himo, ambako hakujulikana, akirudi giza linaingia, miguu imevimba, na kila Jumapili Digna alikuta kibuyu cha maziwa kimewekwa kando kwa ajili yake. Hivyo kwa miaka saba. Mwaka 1979, mvua za masika, akafa, wakamzika kihambani, wakapanda masale kuzunguka kaburi.

Mwaka 1983 Digna alikuwa likizo Kilema, anapalilia kahawa, aliposikia mtu akibisha hodi njiani. Mwanamume mwenye mvi, koti limechakaa, viatu vya matairi. Hakuwa na kamera. Sukari, sabuni, karatasi za picha, vyote vilikuwa vimeadimika nchini miaka ile, na picha za mtu mmoja zilikuwa zimekwisha kusahaulika. Mkononi alishika isale zima na shina lake, limefungwa fundo vibaya, fundo la mtu ambaye hajawahi kufunga.

Alipiga magoti njiani, kwenye matope.

"Nimelikata Machame, kwa baba," alisema. "Digna, miaka kumi na moja nimelala na ile picha. Kila nikifumba macho wananipigia makofi. Nipokee."

Digna akafuta mikono kwenye kanga. Moyo wake, ambao aliudhania umekauka, ulipiga kama siku ya stesheni, naye akauonea aibu. Angeweza kusema jani ni jani. Neno lilifika mpaka kwenye meno. Akamkumbuka mama anaitikia marahaba.

Akanyoosha mikono miwili, akalipokea.

"Nimekusamehe, Faustin. Inuka, utapata baridi."

Yule mtu akalia kama mtoto. Kisha akajifuta, na lile tabasamu la zamani likarudi kidogo.

"Basi tufunge ndoa, laazizi. Kanisani kwako, kwangu, popote. Nitakufungia viatu mimi mwenyewe."

"Subiri."

Akachukua jembe. Akaenda ukingoni mwa kihamba, pale ambapo masale ya mama yake yalifuatana mstari mmoja kutenga shamba na njia. Palikuwa na pengo moja, pale mama alipokata lile jani akakata kwa nguvu mpaka shina, likafa. Digna akachimba. Akalipanda isale la Faustin humo, akalishindilia udongo kwa kisigino, akalimwagia maji. Alipoinuka alikuwa yeye ndani, na Faustin nje.

Faustin alitazama ule mstari, sasa mpaka usio na pengo. Alikuwa mtu wa mlimani, hakuhitaji kusomewa.

"Nirudi lini?" aliuliza hata hivyo.

"Ukipita na njia zako utaliona kama limeshika."

Akaingia jikoni. Akatoka na bakuli la mtori, la moto, lenye nyama mbili, akampa juu ya masale. Faustin akala amesimama njiani, bila haraka. Alipomaliza alirudisha bakuli kwa mikono miwili, na Digna akalipokea kwa mikono miwili.