Kisiwa Kilichopiga Chafya

Wewe hapo! Ndiyo, wewe, uliyejifunika blanketi mpaka puani. Nina jambo la kukwambia, na najua hutaniamini.

Zamani, kwenye ramani ya bahari, palichorwa kisiwa. Kisiwa hicho kilikuwa mimi.

Umeona? Hujaamini! Haya, bisha. Bisha tena. Ukichoka kubisha, sikiliza.

Jina langu Tufani. Mimi ni kobe. Nina miaka mia mbili na hamsini na kidogo. Kwa kobe, huo ni ujana tu.

Shule? Nilikwenda. Nilitoka nyumbani asubuhi na mapema. Nilipofika mlangoni, wenzangu walikuwa wamemaliza darasa la saba. Nikageuza. Na mbona niko sawa?

Wakati ule nilikuwa mdogo, sawa na sahani ya wali. Mabaharia waliniokota ufukweni, wakanipakia kwenye merikebu yao.

Merikebu iliitwa Njiwa. Ilikuwa na milingoti mitatu. Matanga yake yalikuwa mengi, kama nguo zilizoanikwa siku moja kabla ya sikukuu.

Kazi ya Njiwa ilikuwa moja. Kuzunguka bahari isiyojulikana, na kuichora. Sisi kobe tuliijua siku nyingi. Lakini nani alituuliza?

Kazi ilikwenda hivi. Baharia alishika bildi. Bildi ni kipande kizito cha madini ya risasi, kimefungwa kwenye kamba ndefu. Hupima bahari ina kina gani, kwa pima; pima moja ni urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa.

"Tupa bildi!" Chubwi!
"Vuta kamba!" Heee-ya! Heee-ya!
"Andika kina!" Kra-kra-kra.

Ile kra-kra-kra ilikuwa kalamu ya Bwana Ambrosi, mchora ramani. Macho yake yalikuwa mabovu kidogo. Mdomo wake ulikuwa mzima kabisa.

"Mimi nikichora, nimechora!" alisema Bwana Ambrosi. "Wino wangu haufutiki!"

Jikoni alikuwepo Gontrani, mpishi. Na Gontrani alikuwa na binti, Klotilda, wa miaka sita.

"Tufani, nyoosha shingo," alisema Klotilda. Nikanyoosha. Akanikuna. Aaah.

"Tufani, wewe una mbio kuliko wote," akasema. Nikaitikia kwa kichwa. Si vizuri kumbishia mtoto.

Siku zikapita. Maji mbele. Maji nyuma. Nchi hakuna.

Chakula kikapungua. Kila mtu akala biskuti moja kwa siku. Biskuti yenyewe ngumu kama mgongo wangu.

Gontrani akanitazama mimi. Akaitazama sufuria yake kubwa. Akanitazama tena mimi.

"Huyu kobe amenona," akasema.

"Baba! Huyu si chakula. Huyu ni Tufani!"

"Mwanangu, mabaharia arobaini hawashibi jina."

"Mpe siku, baba. Siku chache tu."

Gontrani akakuna kichwa. Alimpenda sana binti yake. Lakini pia aliwaogopa mabaharia wenye njaa.

"Haya. Mpaka Jumapili. Tukiona nchi, kobe wako mzima. Tusipoona..." Akagonga sufuria kwa mwiko. Ngaaa!

Mimi? Sikuogopa hata kidogo. Niliingiza kichwa ndani kwa sababu ya baridi.

Ijumaa ikafika.

"Tupa bildi!" Chubwi!
"Vuta kamba!" Heee-ya! Heee-ya!
"Andika kina!" Kimya. Kamba yote imeisha, na chini hakujafikiwa. Nchi iko mbali.

Jumamosi ikafika.

"Tupa bildi!" Chubwi!
"Vuta kamba!" Heee-ya! Heee-ya!
"Andika kina!" Kimya. Na kule jikoni, Gontrani anasugua sufuria. Swaki, swaki, swaki.

Hapo mimi, Tufani, nikasema: basi! Nchi nitaitafuta mwenyewe.

Mchana mabaharia walikuwa wamelala, kila mtu na biskuti yake tumboni. Nikapanda ukingoni mwa merikebu. Nikaruka. Chubwi!

Niliruka vizuri mno. Samaki walinipigia makofi. Samaki hawana mikono? Hiyo shida yao.

Kobe wa nchi kavu si mwogeleaji. Lakini anaelea, kama kifuu cha nazi. Nikaelea. Huku na kule. Huku na kule.

Ndege watatu wakaja, wakatua mgongoni kwangu. Walipenda sura yangu.

Kisha ukungu ukashuka. Mweupe, mzito, kama tui la kwanza.

Kule kwenye Njiwa, Bwana Ambrosi akaamka. Akafikicha macho. Akachukua darubini.

Darubini hukuza vitu. Kobe mdogo aliye karibu huonekana kama kitu kikubwa kilicho mbali.

"Nchiii!" Bwana Ambrosi akapiga kelele. "Kisiwa! Kina kilima! Kina miti mitatu!" Kra-kra-kra.

Mabaharia wote wakakimbilia ukingoni. Merikebu ikalalia upande.

"Tupa bildi!" Chubwi!
"Vuta kamba!" Heee-ya! Heee-ya!
"Andika kina!" Chini hakujafikiwa.

"Ajabu!" akasema Bwana Ambrosi. "Kisiwa kisichogusa chini!" Naye akaandika hivyo hivyo. Kra-kra-kra.

Basi pale mgongoni, ndege mmoja akatikisa bawa. Unyoya ukadondoka. Ukatua puani kwangu.

Nikajizuia. Nikajizuia tena. Jaribu wewe!

Aaa... aaa... CHYAAA!

Miti mitatu ikaruka juu. Kilima kikatingishika.

"Kisiwa kimepiga chafya!" wakapiga kelele mabaharia.

Klotilda akacheka mpaka akakaa chini. "Bwana Ambrosi! Hicho si kisiwa. Hicho ni Tufani!"

"Futa," akasema kapteni.

"Wino wangu," akasema Bwana Ambrosi, sauti ndogo kama ya sisimizi, "haufutiki."

Lakini kapteni hakumsikia. Alikuwa anatazama juu. "Wale ndege hulala nchi kavu," akasema. "Jioni inakaribia. Wanarudi kwao. Wafuate!"

Wakanivua kwa ndoo. Matanga yakavimba. Fuuu! Njiwa ikawafuata ndege.

"Tupa bildi!" Chubwi!
"Vuta kamba!" Heee-ya!
"Andika kina!" "Pima ishirini!" Kra-kra-kra.

Chini kupo! Tena! "Pima kumi!" Kra-kra-kra. Tena! "Pima tano, na mchanga umenata kwenye bildi!"

Na ukungu ukafunguka. Kisiwa! Cha kweli. Kina minazi, kina kijito cha maji matamu, na kaa wanakimbizana ufukweni.

Mabaharia wakacheza. Bwana Ambrosi akacheza na kapteni, wakakanyagana.

Gontrani akaninyanyua kwa mikono miwili. Nikaingiza kichwa. Ile baridi tena.

"Toa kichwa, mwanangu," akasema Gontrani. "Leo tunakula samaki."

Umesikia? Mwanangu! Mpishi mzima ananiita mwanangu!

Gontrani na Klotilda walikipenda kile kisiwa, wakashuka kabisa, wakajenga nyumba. Nami nikashuka nao.

Njiwa ikarudi kwao na ramani yake. Ramani ikanakiliwa, ikasambaa bandari zote. Na katikati ya bahari tupu, palikuwa na nukta ndogo: Kisiwa cha Tufani.

Merikebu nyingine zikaja kukitafuta.
"Kiko wapi?"
"Hakipo!"
"Kwenye ramani kipo!"
"Basi tuzunguke tena!"

Walizunguka miaka mia moja. Mimi nilikuwa hapa ufukweni, natafuna majani, nawatazama wakipita.

Mwishowe wakakifuta. Hakuna aliyeniomba ruhusa.

Lakini zile pima za kweli, ishirini, kumi, tano, hazikufutwa. Mpaka leo manahodha huzisoma, wakaingia hapa salama. Ile kra-kra-kra ya Bwana Ambrosi bado inafanya kazi.

Na Klotilda akakua. Akapata watoto. Watoto wakapata watoto, nao wakapata watoto, mpaka ukaja wewe. Ndiyo, wewe mwenye blanketi. Hiyo pua ni yake.

Umeanza kusinzia. Vizuri. Sasa naweza kukwambia. Kuna kipande nimekiruka.

Siku ile ya Jumamosi, mimi sikuruka baharini. Nilikuwa chini ya meza ya jikoni. Kichwa ndani, na baridi haikuwepo.

Ni Klotilda aliyeniweka ndani ya kikapu. Akakifunga kamba. Akanishusha majini polepole, mikono yake ikikwaruzika, bila kumwamsha mtu; nikatoka, naye akakivuta kikapu kitupu.

"Elea, Tufani," alininong'oneza. "Heri nikukose kuliko nikuone sufuriani."

Na kabla ya kunishusha, aliivunja biskuti yake, ile moja ya siku nzima, akainyunyiza mgongoni kwangu. Nisiende safari na njaa. Hakujua kwamba mgongo wangu siufikii. Ndege waliufikia.

Alilia. Nami nililia, chozi langu likaingia baharini na hakuna aliyeliona.

Kwa hiyo aliyewaokoa watu arobaini ni yeye, mtoto wa miaka sita mwenye tumbo tupu. Mimi nilikuwa naelea tu.