Dawa ya Mikono ya Mzee Dong

—Mzee Dong, hii ni jeli au makamasi?

Mteja aligeuza bakuli juu chini. Jeli ikamwagika kwenye ngazi za mawe kama maji, zabibu kavu zikabiringika mpaka miguuni kwa Pu Debin, muuza jeli wa upande wa pili.

—Njooni kwangu jamani! Debin akapaza sauti. Ya kwangu imeganda!

Ya kwake ni ya unga wa paketi. Mtu yeyote anaweza. Mimi nasugua mbegu za jeli kwa mkono, ndani ya mfuko wa kitambaa, kwenye maji baridi, mpaka zitoe ute, kisha natia maji ya chokaa ili ugande. Miaka ishirini na sita hapa mjini Chongqing sijawahi kushindwa. Na ile ilikuwa siku ya tatu mfululizo nashindwa, tena Agosti, watu wanatafuta cha baridi kama wamechanganyikiwa.

Debin akavuka, akaninong'oneza.

—Kaka, sitaki uchonganishi. Lakini jana asubuhi nilimwona Suqiong kwenye beseni lako. Na mikono yake unaijua.

Nilijua. Qin Suqiong anauza tambi za pilipili ngazi thelathini juu yangu, mikono inashinda kwenye mafuta. Tone moja la mafuta likiingia kwenye beseni, jeli haigandi hata uililie. Nilijua pia kwamba Jumatatu mimi na yeye tunakwenda kuandikisha ndoa, yeye mjane, mimi niliyeachwa. Na nilijua Debin alimtongoza miaka miwili akakataliwa. Hilo la mwisho ndilo nililolisahau.

Nikamwandikia: "Umetia mkono wenye mafuta kwenye beseni langu?"

"Nani kasema?"

"Debin."

Kisha: "Basi Jumatatu kaandikishe ndoa na Debin."

Nikapiga. Akakata. Nikapiga tena. Amezima.

Kesho yake nilimwagia beseni maji ya moto, nikachemsha mfuko, nikasugua mbegu mwenyewe, mlango nimefunga. Hakuna aliyesogea. Nikasubiri saa nzima. Maji matupu.

Nikapanda ngazi. Suqiong alikuwa anakoroga sufuria, hakugeuka.

—Panga foleni kama wenzako.

—Sikuja kula.

—Basi unazuia wanaokula.

—Suqiong, najua hukugusa beseni langu.

—Umejua lini?

—Leo asubuhi. Imekataa tena, na nilikuwa peke yangu.

—Kwa hiyo ingeganda, mimi ningebaki mchawi?

Akageuka kunitazama, macho yakashuka mpaka kwenye mikono yangu. Akazima jiko.

—Lete mikono.

Akainusa.

—Ile dawa ya mikono niliyokupa wiki hii unaipaka saa ngapi?

—Asubuhi, nikiamka. Na jioni.

—Changgui! Si nilikwambia upake ukishafunga kazi? Ile nimeichemshia kwenye mafuta ya nguruwe!

Wateja wakaacha kutafuna. Miaka ishirini na sita nafukuza watu waliokula nyama wasisogelee beseni langu, kumbe nguruwe ninaye mwenyewe viganjani. Kwangu ile haikuwa mafuta. Ilikuwa dawa, tena imetoka kwake.

—Chokaa imenipasua, nikasema. Nilitaka Jumatatu ukinishika mkono mbele ya watu usidhani umeshika gome la mti.

Alibana midomo asicheke. Akashindwa.

—Nisamehe, nikasema.

—Bado. Debin amenitangaza ngazi nzima. Na wewe nitangaze. Kwa sauti ile ile unayouzia jeli.

Nikasimama ukingoni, nikavuta pumzi.

—Jeliii! Jeli niliiharibu mwenyewe! Qin Suqiong hana kosa! Dong Changgui ni mpumbavu!

—Huyo mpumbavu bei gani? bibi mmoja akauliza kutoka dirishani.

—Ameshachukuliwa! Suqiong akamjibu.

Ngazi nzima ikacheka. Nikamgeukia Debin kule chini.

—Na wewe! Ulimwona kweli?

—Niliona... mtu kama yeye.

Akainama kwenye ndoo yake, akawa anatafuta kitu ambacho hakikuwemo.

Suqiong alinawa kwa sabuni mara tatu, akasugua mbegu mwenyewe. Mimi nilipewa kazi ya kusimama mbali na kuelekeza. Baada ya saa moja jeli ilitikisika kwenye beseni, ina vipovu vidogo vya hewa ndani, vile ambavyo unga wa paketi hauna. Nikamwagia bakuli la kwanza shira ya sukari guru, karanga na ufuta, nikampa.

—Imeganda, akasema.

—Na Jumatatu?

—Jumatatu usipake chochote.

Jumatatu karani alitusogezea wino mwekundu, tubonyeze vidole kwenye fomu. Changu kikatoka na nyufa zake zote. Karani akakunja uso.

—Arudie?

—Acha hivyo hivyo, Suqiong akasema. Hicho ndicho kidole chake.

Jioni, beseni limeoshwa na kufunikwa, alifungua kopo la dawa, akanivuta mikono yote miwili.

—Sasa ndiyo saa yake, akasema.