Mlango wa Ngazi, Ghorofa ya Kumi na Moja

Kila alasiri Bibi alisukuma magurudumu ya kiti chake hadi mwisho wa korido, akajipachika mlangoni pa ngazi. Hapo ndipo palikuwa mahali pake. Jengo lilikuwa na ghorofa kumi na tano, na familia yake iliishi ya kumi na moja. Mlango wenyewe ulikuwa wa chuma, mzito, na juu ulikuwa na mkono ulioufunga wenyewe kila mtu alipopita. Bibi akiwa pale haukufungika. Uliegemea kiti chake tu, ukatulia.

Upepo ulipanda na ngazi kutoka chini kabisa, ukampiga usoni, ukapita koridoni na kutokea dirisha la upande wa pili. Joto lote la mchana likasahaulika. Lakini si upepo peke yake uliomvuta. Lifti ilikuwa na maradhi yasiyoisha, kwa hiyo watu wengi walipanda kwa miguu, na kila aliyepanda alipita mbele ya Bibi.

"Shikamoo, Bibi," alisema fundi saa wa ghorofa ya kumi na tatu, mkono mmoja ukutani, mwingine kiunoni.

"Marahaba. Mbona unahema kama treni?"

"Lifti imekufa tena."

"Haijafa. Imeliona tumbo lako ikakimbia."

Fundi saa alicheka mpaka akalazimika kukaa kwenye ngazi. Akapumzika hapo, wakapiga soga. Hivyo ndivyo Bibi alivyojua nani kapata kazi, nani kagombana na nani, na mtoto wa nani kaota jino. Miguu yake ilikuwa imemgomea tangu alipougua kiharusi. Ulimi haukuguswa.

Mwanawe alikuwa mwendesha kreni. Alishinda juu angani, ndani ya kibanda cha kioo, akinyanyua vyuma vya majengo ya watu wengine. Jioni moja alirudi uso umemkunjamana. Mkewe, ambaye alikuwa fundi cherehani na alishonea nyumbani, alimwona akichezea chakula tu.

"Kuna nini?" akamuuliza.

"Leo tulifanyishwa mazoezi ya moto kazini. King'ora kililia, tukashuka wote mbio." Akamgeukia mama yake. "Mama, nilikuwa nashuka huku nakuwaza wewe. Lifti ikizima, nawe uko kwenye kiti. Nani atakushusha?"

"Wewe si ndiye unayenyanyua vyuma?"

"Mama, sitanii. Jumamosi utahamia kwa dada. Nyumba yake iko chini. Ukisukuma kiti mara mbili uko nje."

"Nje kuna nini?"

"Kuna ua."

"Na uani kuna nani?"

Mwendesha kreni aliinamia sahani yake. Wote walijua. Dada yake na shemeji yake walitoka asubuhi na kurudi jioni. Uani kulikuwa na tangi la maji na ukuta.

"Hatukufukuzi, Mama," alisema mkamwana kwa sauti ya chini.

"Najua, mwanangu. Mnaniweka mahali salama, kama sahani za wageni."

Mjukuu, msichana wa darasa la sita, alikuwa akiwasikiliza muda wote. Yeye alipenda majengo marefu kama wenzake walivyopenda peremende.

"Baba, lile jengo la Dubai, refu kuliko yote duniani, lina ghorofa zaidi ya mia moja na sitini. Mita mia nane na ishirini na nane! Kwani huko juu hakuna mabibi? Wao wanashushwaje?"

"Kwanza uniambie wananunuaje vitunguu," alisema Bibi.

"Sijui, Bibi. Lakini zamani jengo refu kuliko yote lilikuwa ile piramidi kubwa ya Misri. Ilishika nafasi hiyo karibu miaka elfu nne."

"Hiyo ni tofauti. Aliyewekwa humo hakutarajiwa kutoka."

Mkamwana aliangua kicheko. Hata mwendesha kreni alilegea kidogo. Lakini swali la mtoto lilibaki mezani.

"Tumuulize Sajini," alisema mkamwana.

Sajini ndilo jina ambalo jengo zima lilimwita mwanamke mmoja wa kikosi cha zimamoto, aliyeishi ghorofa ya nne. Alikuja kesho yake alasiri, na mwendesha kreni aliwahi kutoka kazini. Alikaribishwa chai, akasema chai itasubiri. Alitaka kuona mlango wa ngazi kwanza.

"Bibi, kaa kama unavyokaa siku zote."

Bibi akajipachika mahali pake. Mlango ukaegemea kiti. Sajini alishuka nusu ya ngazi akiwa na kopo la bati na kipande cha trei ya mayai. Akakiwasha, akakizima kwa kukipuliza, akakiacha kifuke ndani ya kopo. Mjukuu alitaka kumfuata, akazuiwa kwa mkono.

Moshi ulisimama wima kidogo, kama unajiuliza. Kisha ulipanda na ngazi, ukageuka mlangoni, ukaingia moja kwa moja koridoni. Ulimpitia Bibi usoni. Akakohoa. Ukaendelea hadi mlangoni kwao, na mkamwana akasikia harufu yake kwenye nguo alizokuwa akishona.

"Sasa ingia ndani, uache mlango ujifunge," alisema Sajini.

Bibi akarudi nyuma. Mlango ukajifunga, *pu!* Walitazama kupitia kioo chake kidogo. Moshi ulifika, ukapapasa chuma, ukaendelea na safari yake juu. Koridoni haukuingia.

Sajini alizima kopo kwa maji, akarudi. Sasa akainywa chai yake.

"Watu wanaogopa miali," alisema. "Waogope pia moshi. Katika moto wa majumba, moshi huua watu wengi kuliko miali. Jengo refu ni kama masanduku yaliyopangwa juu ya mengine. Sanduku likifungwa, moto hubaki kwa muda ndani ya sanduku moja. Milango ya ngazi ikiachwa wazi, ngazi inakuwa bomba la moshi. Na watu wa juu ndio wanaoupata."

"Na lile jengo la Dubai?" aliuliza mjukuu.

"Huko hawatarajii mtu ashuke ghorofa mia moja na sitini kwa mkupuo mmoja. Hata mimi miguu ingenigomea. Kila baada ya ghorofa kama ishirini na tano kuna sehemu za kukimbilia. Zimejengwa zizuie moto na moshi, na zina hewa safi. Watu husubiri humo, au hupumzika kabla ya kuendelea. Lakini sehemu hizo zina faida gani mlango ukiachwa wazi?"

Bibi alikuwa anautazama mlango. Hakutania.

"Kwa hiyo miaka yote hii," alisema polepole, "nimekuwa nikiushikilia moto mlango upite."

"Bado haujapita, Bibi. Ashukuriwe Mungu."

Mwendesha kreni aliuliza lile lililomkaa rohoni. "Moto ukitokea, mama nimshusheje?"

"Inategemea moto uko wapi. Ukiwa ghorofa nyingine, na kwenu hakuna moshi wala joto, mara nyingi ndani ndiko salama kuliko kwenye ngazi iliyojaa moshi. Fungeni milango. Nendeni chumba chenye dirisha la barabarani. Lowesheni nguo, mzibe chini ya mlango. Pigeni simu zimamoto. Semeni jengo, ghorofa na namba ya mlango, na mseme kuna mtu wa kiti cha magurudumu. Hilo msilisahau. Wakiwaambia mtoke, tokeni."

"Na moto ukiwa ndani kwetu?"

"Hapo hakuna kungoja wala kuokoa cherehani. Tokeni na mama, mfunge mlango nyuma yenu. Mpelekeni upande wa pili wa mlango huu wa chuma, pale kwenye kibaraza cha ngazi, na mlango ufungwe. Mmoja abaki naye, apige simu. Tutamshusha sisi. Ndiyo maana kibaraza kisiwekwe kitu." Akanyoosha kidole. Pale palikuwa na godoro kuukuu, baiskeli isiyo na gurudumu na maboksi ya jirani. "Na lifti msiiguse. Inaweza kuzima katikati, au ikawafungulia kwenye moto wenyewe."

Sajini alipoondoka, mwendesha kreni alimgeukia mama yake.

"Basi, Mama. Jumamosi hatuendi. Tutajaribu mwezi mmoja. Lakini mlango usiushikilie tena."

"Yaani nikae ndani kama godoro?"

"Kaa dirishani, upande wa pili wa korido."

"Dirishani hapiti mtu."

"Mama, chagua."

Bibi alichagua. Hakufurahi. Siku za kwanza alikaa dirishani shingo upande, akiitazama barabara iliyokuwa mbali mno kumsalimu mtu. Nyuma ya mlango wa chuma alisikia miguu ikipanda, na hakujua ni ya nani. Siku ya nne fundi saa alifungua mlango na kuingiza kichwa.

"Bibi, umesusa? Ngazi imekuwa kama msiba."

"Sijasusa. Ukitaka kusemwa, njoo huku ndani. Na ufunge huo mlango!"

Akaja, na stuli yake mkononi. Kesho yake akaja na mwenzake. Polepole soga zikahamia dirishani. Yeyote aliyekuja alipigiwa kelele kabla hajasalimiwa: "Mlango!" Mwenye maboksi aliambiwa mara mbili kwa upole. Mara ya tatu Bibi aliuliza kwa sauti, mbele ya watu, kama maboksi hayo yanalipa kodi. Jioni hiyo yaliondoka. Godoro na baiskeli vikafuata.

Moto ulitokea mchana, kabla mwezi haujaisha. Ghorofa ya nane mtu aliacha mafuta yakichemka jikoni, akaenda kupokea simu. Mwendesha kreni alikuwa kazini, mjukuu shuleni. Mkamwana alisikia watu wakipiga mayowe chini. Aliacha nguo kwenye cherehani, akashika kiti cha Bibi kwa nyuma na kukimbia nacho koridoni. Kidole chake kilikuwa tayari kinaelekea kitufe cha lifti.

"Lifti hapana!" alisema Bibi.

"Mama, tutakufa!"

"Hatufi. Tazama kioo cha mlango."

Mkamwana alitazama. Ng'ambo ya kioo ngazi haikuonekana. Kulikuwa na moshi mweusi tu, unapanda. Mkono wake ulikwenda kwenye kitasa, akaurudisha. Koridoni hewa ilikuwa safi.

"Turudi ndani," alisema Bibi. "Funga nyuma yetu."

Waliingia, wakafunga. Mkamwana alilowesha mashuka, akayasokomeza chini ya mlango. Bibi alishika simu. Alisema jengo. Alisema ghorofa ya kumi na moja, mlango wa tatu. "Na mimi niko kwenye kiti cha magurudumu," aliongeza, "kwa hiyo msiniambie niruke." Wakaambiwa wabaki hapo hapo, wasikate simu. Mkamwana alifungua dirisha kidogo, akapunga kitambaa chekundu alichokuwa akishona, mpaka akaona kofia za zimamoto huko chini zikiinuka kumtazama na mkono mmoja ukimpungia.

Ng'ambo ya mji, mwendesha kreni aliuona moshi kutoka kwenye kibanda chake. Alilijua jengo lake kwa umbo. Alipiga simu ya mama yake, ikawa inatumika. Akapiga tena. Bado inatumika. Aliteremsha mzigo chini taratibu, kama sheria inavyotaka, kisha akashuka kwenye kreni bila kukumbuka baadaye ameshukaje.

Moto ulikuwa umezimwa alipofika. Sajini alikuwa kwenye lango kuu, uso mweusi kwa masizi.

"Wako juu, wazima," alimwambia kabla hajauliza. "Ghorofa ya tisa mlango wa ngazi walikuwa wameuzuia kwa tairi. Korido nzima ilijaa moshi, wawili wamepelekwa hospitali. Wanaongea, watapona. Kwenu hata mapazia hayanuki."

"Naweza kupanda?"

"Sasa unaweza. Tumeruhusu."

Alipanda ngazi mbili mbili. Kuta zilikuwa nyeusi, na maji yalichuruzika kwenye vipandio. Kwenye ghorofa ya kumi na moja alisukuma mlango wa chuma kwa bega, akapita mbio. Korido ilikuwa nyeupe kama alivyoiacha asubuhi. Kwao mkamwana alikuwa anakamua mashuka. Bibi alikuwa dirishani, kanga ya kujifunika miguuni, simu bado mkononi.

Mwendesha kreni alisimama mbele yake, pumzi zikimtoka kwa shida.

"Mama," alisema. "Ile habari ya kuhama..."

"Habari gani?"

"Basi. Haipo tena."

"Vizuri," alisema Bibi, akichungulia nyuma ya bega lake. "Mlango wa ngazi umeufunga?"

Mwanawe alifikiri kidogo. Alikuwa ameusukuma kwa nguvu mno, ukakwama ukutani. Akageuka, akarudi koridoni, akaenda kuufunga.