Jina Aliloliita Gibson

Harufu ya tumbaku ndiyo iliyoanza. Dinah aliisikia kwenye chai, akaimwaga, akachemsha nyingine, nayo ikanuka vilevile. Nyumbani mwao, pale Sagalla, hakuna aliyegusa tumbaku.

Siku chache nyuma alikuwa amekubali kuigiza ngoma ya pepo mbele ya kamera ya Mzungu mmoja aliyetaka mila za Wataita zihifadhiwe. Mumewe Gibson alikuwa mkalimani, tena ameahidiwa kazi ya kudumu. Dinah aliogopa. Usichanani, kabla ya ubatizo, pepo Mbambo, anayekuja na harufu ya tumbaku, alimwingia hata akamsahau mama yake mzazi, na pepo huyo akitajwa penye ngoma, huja.

"Ni mchezo tu, mama," Gibson alimbembeleza. "Mwitaji ni mimi, nami nitaita Kilai. Hakuna pepo Kilai, nimemtunga mwenyewe."

Alimwamini. Angemwamini nani mwingine? Akacheza, ngoma zikamziba masikio, akaanguka, na Mzungu akapiga makofi.

Sasa ngoma ilikuwa ndani ya nyumba. Ilidunda chini ya sufuria, ikahamia ukutani, kisha alasiri moja akiwa anachambua maharagwe aligundua kwamba vidole vyake vinaifuata, na kwamba midomo yake inamwimbia mtu wimbo ambao hakuwahi kufundishwa, na alipotaka kunyamaza hakuweza mpaka wimbo ulipokwisha wenyewe.

Shangazi Elsie akaja na kibuyu cha pombe ya miwa ili wafanye kutasa: kujaza pombe kinywani, kuipuliza nje, na kumwambia pepo aende zake. Kazi hiyo ni ya aliyeita, na kwa jina lilelile.

"Baba, uliita nani?" Elsie alinong'ona.

"Kilai," Gibson akasema, bila hata kupepesa.

Akapuliza. "Kilai, toka, utuache kwa amani!"

Harufu ya tumbaku haikutoka.

Filamu ilipokuwa tayari, watu walialikwa shuleni Voi, madirisha yakazibwa kwa mablanketi mchana kweupe. Picha hazikuwa na sauti. Dinah alijiona akizunguka, na nyuma yake Gibson, shingo imemtoka mishipa, anaita. Watu walicheka na kushangilia. Dinah aliutazama mdomo wa mumewe tu. Kilai hutamkwa midomo wazi. Midomo ya Gibson ilifumbana, ikafunguka, ikafumbana tena.

Mbambo.

Moyo ulimuuma kuliko alivyoogopa. Mtu huyu alimjua, alimlisha, alilala naye, na alikuwa amemuuza.

"Gibson," alinong'ona. "Ulimwita yeye."

"Mzungu alitaka uanguke kweli," Gibson akajibu. "Nilipoita Kilai ulikuwa unacheza tu. Nisamehe, mama."

"Basi mtoe. Sasa hivi. Kwa jina lake."

Gibson alimtupia jicho Mzungu aliyekaa mbele, akasita, na Dinah aliona kwamba hata hapo alikuwa anaipima ile kazi. Mwishowe akajikaza, akainama sikioni mwa mkewe, machozi yakimtiririka.

"Mbambo, toka. Mwache mke wangu."

Dinah alitaka kumwambia arudie kwa nguvu zaidi. Kinywa chake kikafunguka, tumbaku ikanuka safu nzima, na sauti nzito, yenye upole, ikamjibu Gibson:

"Mke yupi? Huyu ulinipa mwenyewe."